Uungwana katika Uchekeshaji wa Raymond Griffith

Watu wanaozungumza habari za senema bubu za Marekani wamezoea kuwahesabu wachekeshaji wake wakubwa kwa vidole vya mkono mmoja, na aghalabu mkono wenyewe hauishi. James Agee, katika makala aliyoiandika mwaka 1949 katika gazeti la Life, aliijenga hoja yake juu ya nguzo nne: Charles Chaplin, Buster Keaton, Harold Lloyd na Harry Langdon. Nyumba yenye nguzo nne husimama, na kwa miaka mingi wachache sana waliona haja ya kutafuta ya tano. Ilipofika mwaka 1975 Walter Kerr, mhakiki mashuhuri wa michezo ya jukwaani mjini New York, alitoa kitabu kikubwa kiitwacho The Silent Clowns. Humo alimtengea sura mtu ambaye wasomaji wengi hawakupata kulisikia jina lake, akamweka mahali pa tano, nyuma ya hao wanne. Mtu huyo ni Raymond Griffith.

Kerr alimtendea Griffith hisani kubwa. Walakini kuwekwa mahali pa tano ni heshima yenye kasoro, kwa maana mtu akishapangwa katika safu hupimwa kwa pishi ile ile waliyopimiwa walio mbele yake. Chaplin, Keaton, Lloyd na Langdon, pamoja na tofauti zao zote, walifanya kazi ya namna moja: kila mmoja alibuni mtu, akamvika mavazi yake, akampa mwendo wake, akamtembeza kutoka picha moja hata nyingine mpaka watoto wakaweza kumchora kwa mkaa ukutani. Griffith hakubuni mtu bali mwenendo, na mwenendo hauchoreki kwa mkaa. Jambo hili lilimtukuza kwa miaka michache, kisha likamsahaulisha. Na katika picha yake inayosifiwa kuliko zote, lilimponza.

Hadithi inayosimuliwa juu yake ni fupi na tamu, na kwa hiyo yafaa itafunwe kabla ya kumezwa. Inasemwa kwamba alikuwa mchekeshaji asiye na sauti, akapata sifa wakati senema nazo zilipokuwa hazina sauti, na siku senema zilipoanza kusema yeye akatoweka. Nusu ya hadithi hii ni kweli. Griffith alizaliwa Boston mwaka 1895 katika jamaa ya watu wa jukwaani, naye alipandishwa jukwaani angali mtoto. Sauti yake ilikatika mapema. Kuna masimulizi kwamba ilikatika kwa sababu ya mchezo uitwao The Witching Hour, ambamo alitakiwa kupiga ukelele wa hofu kila usiku. Na kuna masimulizi mengine, yasiyo na uzuri wa namna hiyo, kwamba aliugua tu. Kwa vyovyote, tangu ujana wake alisema kwa mnong'ono wenye mkwaruzo, uliosikika chumbani lakini usioweza kuvuka safu ya kwanza ya viti. Jukwaa likamfungia mlango, senema ikamfungulia wake.

Nusu ya pili haisimami mbele ya kalenda. The Jazz Singer, picha inayohesabiwa kuwa ndiyo iliyofungua zama za sauti, ilionyeshwa kwa mara ya kwanza mjini New York tarehe 6 Oktoba 1927. Picha mbili za mwisho alizocheza Griffith akiwa nyota wa kampuni ya Paramount, Wedding Bill$ na Time to Love, zilikuwa zimekwisha kutoka miezi kadhaa kabla ya siku hiyo. Basi unyota wake ulikoma wakati ulimwengu wa senema ulikuwa ungali bubu. Ni kweli kwamba sauti ilimzuia asirudi. Lakini kuzuiwa kurudi si sawa na kufukuzwa, na mhakiki hana ruhusa ya kuyachanganya mambo hayo mawili kwa sababu tu mchanganyiko wake unaliza vizuri.

Tofauti iliyo dhahiri zaidi baina yake na wenziwe si ya koo bali ya mali. Chaplin alikuwa mmoja wa watu walioanzisha United Artists mwaka 1919, na picha zake zilikuwa zake. Lloyd alikuja kuzimiliki zake na kuzitunza kama mtu atunzaye shamba la urithi. Keaton aliupoteza uhuru wake, lakini katika miaka ya 1950 walipatikana watu waliozikusanya nakala za kazi zake kabla hazijaoza. Griffith alikuwa mwajiriwa. Alichokicheza kilikuwa mali ya kampuni, na kampuni ikiisha kuuza tikiti huliona kopo la filamu kuwa ni takataka inayokula nafasi ghalani, tena takataka inayoshika moto upesi. Uchunguzi uliotolewa na Maktaba ya Bunge la Marekani mwaka 2013 ulionyesha kwamba kati ya filamu ndefu bubu 10,919 zilizotolewa na makampuni ya nchi hiyo baina ya mwaka 1912 na 1929, kiasi cha 70 katika kila 100 zimepotea. Wet Paint, aliyoicheza Griffith mwaka 1926, ni mojawapo. Hukumu yoyote juu yake yatolewa juu ya vipande vya nguo vilivyosazwa na nondo, na hapana budi isomwe hivyo.

Kabla ya Paramount alipita katika chuo kikali. Katika miaka ya vita vikuu vya kwanza aliingia katika studio ya Mack Sennett, ambako vichekesho vilitolewa kwa wingi kama maandazi ya alfajiri: polisi wanaoanguka, magari yanayogongana, watu wanaofukuzana mpaka pumzi ziwaishie. Griffith alicheza humo, lakini faida yake kubwa kwa Sennett ilikuwa katika kubuni vituko vya kuchezwa na wengine. Mtu abuniye kituko hukaa nje yake, akakipima kama seremala apimavyo ubao. Na mtu aliyeona maelfu ya maanguko hujua kwamba kicheko hakitoki katika kuanguka, bali katika lile tambo dogo lililotangulia, mtu anapoamini bado kwamba amesimama. Baadaye alicheza sehemu zisizo za kuchekesha. Katika White Tiger ya mwaka 1923, iliyoongozwa na Tod Browning, ni mwizi katika hadithi nzito ya wezi wasioaminiana. Kwa hiyo Paramount ilipoanza kumpa nafasi za mbele mwaka 1924, ilimpata mtu aliyejua kicheko kwa ndani na wizi kwa nje.

Mavazi aliyojulikana nayo hayakuwa na ugeni wowote: kofia ndefu ya hariri, suti nyeusi ya karamuni, joho mabegani, bakora mkononi, masharubu yaliyopunguzwa vizuri. Max Linder wa Ufaransa alikuwa amekwisha kuvaa hivyo tangu muongo wa kwanza wa karne ya 20, na hata Linder hakuyabuni. Lakini bwana wa Linder huingia taabuni, akatahayari, akahangaika kuificha haya yake; kicheko chamo katika kutahayari kwake. Bwana wa Griffith hatahayari. Waswahili husema kwamba muungwana akivuliwa nguo huchutama. Methali hii hutumika kusifu staha ya mtu aliyefikwa na fedheha, na vichekesho vyote vya Griffith vyaweza kuingia ndani yake, ila kwa nyongeza moja: yeye akivuliwa nguo huchutama kwa madaha, hata yule aliyemvua akaanza kujiuliza kama kuchutama ndiyo desturi ya mahali pale.

Tofauti na wakubwa wengine yaonekana hapo. Maskini wa Chaplin adai uungwana ambao ulimwengu umemnyima, nasi twacheka na huku tukimwonea huruma. Keaton huitazama tufani kwa uso usiotikisika, kwa kuwa tufani ni kubwa kuliko yeye, na njia iliyobaki ni kuichunguza kama fundi achunguzavyo mtambo. Lloyd hupanda, huteleza, hupanda tena. Griffith, msiba ukimjia, huibadili hadithi. Yatazamwe macho yake: hatari imeingia chumbani, ameiona, kwa muda wa nusu pumzi uso umekuwa mtupu, kisha tabasamu limerudi, na uongo mpya umekwisha kuvaa viatu. Katika nusu pumzi ile ndimo sanaa yake yote inamokaa. Mtazamaji asiyekuwa mwangalifu huikosa, akasema kwamba mchezaji huyu hafanyi kitu.

Ni rahisi mno kusema kwamba utulivu huu ulizaliwa na kukosa sauti. Wako watu watulivu wenye sauti za radi. Lakini lipo jambo moja ambalo yaelekea koo lake lilimfundisha, nalo ni la ufundi wala si la huruma: mtu anong'onaye huwafanya wengine wamsogelee. Wachekeshaji wa Sennett walimwendea mtazamaji kwa mikono na miguu, wakamshika shingoni. Griffith alikaa mahali pake, akafanya kidogo, akangoja aendewe.

Hands Up!, yaani "Mikono Juu!", iliyoongozwa na Clarence Badger na kutolewa mwanzoni mwa mwaka 1926, ndiyo picha inayotajwa kwanza kila linapotajwa jina lake. Mwaka 2005 iliingizwa katika orodha ya taifa ya Marekani ya filamu zinazostahili kuhifadhiwa. Hadithi ni ya wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe vya nchi hiyo, vya 1861 hadi 1865. Serikali ya Kaskazini yahitaji fedha. Huko Nevada imepatikana dhahabu. Rais Lincoln, anayechezwa na George Billings ambaye alikwisha kumwiga Rais huyo katika picha nyingine ya mwaka 1924, anatuma mtu akailete. Jemadari Lee wa Kusini naye anatuma jasusi akaizuie. Jasusi ni Griffith.

Kituko kimoja cha picha hii chastahili kutazamwa taratibu. Jasusi amekamatwa, amesimamishwa mbele ya askari watakaomwua, bunduki zimeinuliwa. Karibu yake pana vyombo vya kulia. Amri ya kupiga inapotolewa yeye hurusha sahani hewani, na askari, kwa mazoea ya watu waliofunzwa kulenga shabaha, wanaipiga sahani. Sahani nyingine yafuata, nayo yapata sehemu yake ya risasi. Mchekeshaji wa kawaida angekimbia, au angepiga magoti, au angejificha nyuma ya jemadari. Griffith amewafahamu wauaji wake: ni vijana waliojifunza kupiga bunduki, na mwenye ustadi hupenda kuuonyesha, basi awape shabaha iliyo bora kuliko yeye. Hamtukani mtu, wala hamshindi mtu. Mahali pa kuulia pamegeuka uwanja wa mchezo, yeye amekuwa mwenyeji na askari wamekuwa wageni wake. Kifo kimebisha hodi, naye amekikaribisha kiti.

Lau picha yote ingekuwa namna hiyo pasingekuwa na neno la kuongeza. Lakini katika sehemu nyingine jasusi anaangukia mikononi mwa watu wa asili wa Marekani, ambao senema za wakati ule ziliwaita Wahindi Wekundu, walio chini ya chifu Sitting Bull. Anacheza nao dadu, kisha anawafundisha ngoma ya Charleston. Watazamaji wa mwaka 1926 walicheka kwa kuwa ngoma hiyo ilikuwa ya juzi tu: ilikuwa imeenea nchini baada ya kuchezwa katika Runnin' Wild, mchezo wa mwaka 1923 ambao muziki wake ulitungwa na James P. Johnson, Mmarekani Mweusi, na asili ya ngoma yenyewe ilikuwa kwa watu Weusi wa Kusini. Naye aliyemcheza Sitting Bull ni Noble Johnson, Mmarekani Mweusi pia, aliyeshirikiana na ndugu yake mwaka 1916 kuanzisha Lincoln Motion Picture Company, mojawapo ya kampuni za kwanza za filamu zilizomilikiwa na Weusi. Basi yatazamwe yanayotendeka: mjumbe wa upande uliopigania utumwa anafundisha ngoma iliyotoka kwa wana wa watumwa, na mwanafunzi wake mkuu ni mmoja wa wana hao aliyefunikwa manyoya ya watu wengine, mtu ambaye kampuni yake iliitwa kwa jina la Rais ambaye jasusi ametumwa amhujumu. Picha haina habari ya neno hata moja katika hayo. Yenyewe yadhani inachekesha kwa ngoma ya kisasa katika zama za kale, na huo ndio mwisho wa fikira zake.

Hapa neno la Kiswahili latoa ushahidi ambao Kiingereza hakiutoi upesi hivyo. Muungwana, kabla jina hili halijawa la mtu mwenye adabu, lilikuwa jina la mtu huru, yaani asiye mtumwa. Wala lisingekuwa na maana katika miji ya pwani lau pasingekuwapo mtumwa wa kulipa maana hiyo. Adabu ilikuja baadaye, kama samani iliyoingizwa katika nyumba iliyokwisha kujengwa. Bwana wa Kusini ya Marekani, mpole, mwenye kauli laini, asiyepandisha sauti, ni muungwana kwa maana zote mbili, na ya pili ilisimama juu ya mgongo wa ya kwanza. Griffith alichukua ile ya pili akaifanya kuwa nzuri kupita kiasi. Ile ya kwanza aliiacha nje ya mlango.

Yaweza kujibiwa kwamba Keaton alifanya vivyo hivyo katika The General mwaka mmoja baadaye, akiwa dereva wa garimoshi aliye upande wa Kusini. Mfano haulingani. Keaton apenda mtambo. Bendera iliyo juu ya mtambo yaweza kubadilishwa, na kichekesho kisipungue hata chembe. Katika Hands Up! uungwana wenyewe ndio kichekesho, kwa hiyo chanzo cha uungwana huo hakiwezi kuwa pazia la nyuma tu. Wala haidaiwi hapa kwamba mchekeshaji awe mwanahistoria. Linalodaiwa ni dogo zaidi: mtu aliyejaliwa kuiona hila iliyojificha nyuma ya kila adabu angeweza kuiona na hiyo iliyo kubwa kuliko zote. Mwisho wa picha wajulikana na wengi. Vita vimekwisha, mabinti wawili wa mwenye machimbo wampenda jasusi wote wawili, naye hawezi kuchagua. Anatokea Brigham Young, mkuu wa Wamormoni, pamoja na wake zake wengi, na jasusi anapata wazo, akawaoa wote wawili. Kituko ni chepesi na kinapita.

Neno jingine husemwa dhidi yake, nalo ni zito: kwamba hana moyo. Katika You'd Be Surprised, ya mwaka huo huo wa 1926, ni mchunguzi wa vifo anayeshughulikia mauaji kwa furaha ya mtu aliyealikwa chakula cha jioni. Hakuna anayemlilia Griffith. Maskini wa Chaplin akiachwa peke yake barabarani ukumbi wote humfuata kwa mioyo. Bwana wa kofia ya hariri akiachwa barabarani, mtazamaji hujua kwamba kabla ya kona atakuwa amepata gari la mtu mwingine. Watu huwakumbuka wale waliowaonea huruma, kwa kuwa huruma ni namna ya kumiliki. Huyu hakutaka kumilikiwa. Kumshitaki kwa hilo ni kama kuishitaki barafu kwa ubaridi, lakini ni kweli kwamba barafu haihifadhiki kirahisi.

Na walakini ipo picha moja ambamo mamilioni ya watu walimwonea huruma, na wengi wao hawakujua ni nani. Mwaka 1930 Lewis Milestone alikitengenezea senema kitabu cha Erich Maria Remarque juu ya askari wa Kijerumani katika vita vikuu vya kwanza. All Quiet on the Western Front ni picha ya sauti, na ilipata tuzo ya Akademi ya filamu bora. Kijana Paul, anayechezwa na Lew Ayres, amejificha shimoni. Askari wa Kifaransa anarukia humo, Paul anamchoma kisu, kisha analazimika kukaa naye usiku kucha akimtazama akifa. Paul analia, anaomba msamaha, anaahidi kuwaandikia jamaa zake. Mfaransa hasemi neno. Ni Griffith. Hana kofia, hana joho, hana bakora. Uso ule uliokuwa ukibadilika kwa nusu pumzi sasa haubadiliki tena, na maneno yote ya Paul yanaugonga na kurudi. Waandishi wameona hapa kinaya cha maisha yake, bubu katika senema iliyokwisha kujifunza kusema. Kinaya kipo. Lakini la kustaajabisha zaidi ni ufundi: mtu aliyezoea kufanya kidogo aliambiwa asifanye kitu kabisa, na picha nzima ikamwegemea.

Baada ya hapo hakurudi mbele ya kamera. Aligeuka mwandishi na mtayarishaji, akafanya kazi kwa miaka mingi chini ya Darryl Zanuck katika kampuni iliyokuja kuitwa 20th Century-Fox. Jina lake limo, kwa herufi ndogo, katika picha zilizo kubwa kuliko zake mwenyewe: Drums Along the Mohawk ya John Ford mwaka 1939, na The Mark of Zorro mwaka 1940. Hadithi ya Zorro, kama ijulikanavyo, ni ya kijana anayejifanya laini, mpenda hariri na manukato, ili maadui wasidhani kwamba upanga ule ni wake. Griffith alikufa Los Angeles mwaka 1957.

Imebaki picha moja, Paths to Paradise ya mwaka 1925, ambayo pia iliongozwa na Badger. Desturi ni kuiweka chini ya Hands Up!, pengine kwa kuwa ni picha iliyokatika: mkanda wake wa mwisho umepotea. Desturi hiyo yastahili kupinduliwa. Molly, anayechezwa na Betty Compson, ana genge lake la wezi katika mtaa wa Wachina mjini San Francisco. Wageni huja kutazama maovu ya Wachina, na genge huwauzia maovu ya bandia: giza, visu, nyuso za kutisha, yote yametengenezwa kwa ajili ya watu wanaolipa ili waonyeshwe kile walichokwisha kukiamini kabla hawajatoka kwao. Anaingia mgeni mmoja, mshamba kwa sura, anastaajabu panapostahili kustaajabu, anaogopa panapostahili kuogopa. Kisha anaonyesha beji yake. Wezi wanadhani ni polisi, wanamhonga fedha nyingi. Beji ilikuwa ya kampuni ya gesi.

Katika kituko hiki uungwana wa Griffith unaonekana kwa jina lake halisi. Yeye ni ayari, na adabu yake ni chombo cha kazi kama ufunguo wa bandia. Hakuna jemadari anayemtukuza, wala taifa lililopotea la kumpa huzuni ya kifahari. Wageni wamedanganywa na wezi kwa kuwa walitaka kudanganywa juu ya Wachina. Wezi wamedanganywa na ayari kwa kuwa hawakudhani kwamba mshamba anaweza kuwa na akili. Kila mtu humo ameponzwa na dharau yake mwenyewe kwa mtu mwingine. Picha iliyofuata mwaka mmoja baadaye iliwatumia watu wa asili na ngoma ya Weusi bila kujua inatumia nini. Hii yajua, na ujuzi huo ndio unaochekesha.

Kisha Molly na yule ayari, kila mmoja kwa hila yake, wanaingia katika nyumba ya tajiri ambako kidani cha almasi kimewekwa kwa ajili ya arusi. Wanakiiba pamoja, wanakimbia kwa gari kuelekea kusini. Polisi wa pikipiki wanawafuata; kila mji wanaoupita waongeza polisi wake, mpaka barabara nyuma yao imejaa vumbi na magurudumu. Griffith ameshika usukani kwa utulivu wa mtu anayekwenda kutembelea shangazi yake. Wanaufikia mpaka wa Mexico, wanauvuka, na hapo nakala iliyopo inakoma.

Yaliyokuwamo katika mkanda uliopotea yanajulikana. Wezi hao wawili walishikwa na dhamiri, wakaigeuza gari, wakarudi njia ile ile mbele ya polisi wale wale ili wakirudishe kidani. Wako wanaosikitika kwamba mwisho huo haupo, na kama ni suala la vituko vilivyopotea wana haki ya kusikitika, kwa maana safari ya kurudi lazima ilikuwa na vituko vyake. Kama ni suala la maana, hasara ni ndogo kuliko idhaniwavyo. Toba ile ilidaiwa na wakati wake, kama hotuba ya hakimu mwishoni mwa kesi, na kumfanya Griffith atubu kungekuwa kumvua nguo asipate nafasi ya kuchutama. Katika nakala iliyobaki gari limevuka mpaka, kidani kimo mfukoni, kofia i kichwani, na hakuna aliyemtaka atoe maelezo.